Mgongo wa Mama Éliane

Kila asubuhi kabla ya shule, Élisa alichemsha maji juu ya makaa, akalowesha kitambaa na kumkanda mama yake mgongo. Mama Éliane, kama watu walivyomwita kwa jina lake mwenyewe, alianguka kwenye pikipiki mwaka uliopita, na tangu hapo maumivu hayakumwacha. Kwa macho ya watu alikuwa mzima kabisa. Ni Élisa peke yake aliyemwona akiuma meno kila kitambaa kilipomgusa.

Baba yake, mwalimu Kabange, alikuwa amehamia Kabongo, na huko ndiko alikofungua kesi ya talaka. Mama aliomba kesi ihamishiwe Kamina, alikoishi na Élisa, kwa kuwa barabara ya Kabongo ni mashimo matupu na mgongo wake usingeistahimili. Jaji akamtaka Papa Lumbala, mzee wa kanisa la Wamethodisti aliyesimamia ndoa yao, athibitishe kama kweli mama ni mgonjwa.

Élisa aliyasikia hayo, akayapima kwa akili yake ya miaka kumi na miwili. Kesi ikibaki Kabongo, mama hataweza kwenda. Asipokwenda, kesi itakufa, na baba atarudi nyumbani. Maskini, hakujua kwamba mahakama huamua hata kama mtu hayupo.

Siku Papa Lumbala alipobisha hodi, mama alikuwa zahanati akidungwa sindano.

"Mama yako iko wapi?" mzee aliuliza.

"Alienda ku mashamba, Papa."

"Na mugongo?"

"Ilisha kupona. Analimaka kila siku."

Mzee hakudhani mtoto wa nyumba ile angemdanganya. Alilifikisha neno Kabongo kama alivyolipokea, na ombi la mama likakataliwa. Mama aliambiwa afike Kabongo mwenyewe, la sivyo jaji ataamua bila kumsikia, hata juu ya Élisa atakaa na nani.

Mama hakulia. Alijifunga kitenge kiunoni, akakikaza mpaka pumzi ikamkatika, kisha akamtuma Élisa akamwite dereva wa pikipiki. Élisa alifika mlangoni, akageuka.

"Mama, usiende. Ni miye njo nilimudanganya Papa Lumbala. Nilimuambia uko muzima."

"Juu ya nini?"

"Nilipenda musiachane."

Mama alikilegeza kitenge. Hakumpiga, na hilo lilimuuma Élisa kuliko fimbo. Walitembea polepole hadi kwa Papa Lumbala, na huko Élisa akayarudia yote.

 Kesho yake mzee alipanda pikipiki mwenyewe, na mvi zake zote, akaenda Kabongo kukiri mbele ya jaji kwamba alileta neno asilolichunguza. Kanisani watu wakanong'ona kuwa siku hizi Lumbala naye anasema uongo. Hakujitetea, wala hakumtaja mtoto. Élisa aliwasikia akiwa kwenye benchi la kwaya, akaona aibu, akakifunga kitabu cha nyimbo.

Kesi ililetwa Kamina. Jaji alimsikiliza mama, akaamua Élisa abaki naye. Lakini ndoa ilivunjika vilevile. Baba alimshika Élisa kichwani, akamwambia asome kwa bidii, akarudi Kabongo.

Jioni ile Papa Lumbala alipita nyumbani, akamkuta Élisa ameketi nje na uso uliovimba kwa kulia.

"Mutoto, njia ya mwongo ni fupi," alimwambia. "Ndoa ile haukuivunja weye, na uongo yako haingeitengeneza. Ingevunja tu mugongo ya mama yako, na pengine ingekutoa mu mikono yake. Ukweli haikumurudisha baba. Lakini imekuachia mama."

Élisa alijipangusa macho kwa mkono.

"Sasa uniambie," mzee aliendelea. "Mama yako iko namna gani leo?"

"Mugongo inamuuma, Papa. Na roho pia."

Mzee akaitikia kwa kichwa, na Élisa akaingia ndani kuchemsha maji.