Rufaa ya Marehemu Shaibu

Mwaka 1955, kijijini Chiola, Bi Fatu alikuwa akipepeta ufuta uani. Akamwita mwanawe, "Shaibu! Niletee ungo mwingine."

Mwanawe huyo alizaliwa Abdala. Lakini mjomba wake, Shaibu, alikuwa amefariki, na siku ya arobaini ukoo ulimrithisha jina. Tangu hapo kijiji kizima kilimwita Shaibu. Bi Fatu hakuchoka kulitamka. Lilikuwa jina la kaka yake, naye alimpenda sana.

Marehemu aliacha shamba la mikorosho aliyoipanda na dada yake. Aliacha pia kesi. Jirani yao Yunusi alidai shamba ni lake, na baraza likampa. Kabla hajafa, Shaibu alikata rufaa kwa Bwana Shauri, mkuu wa wilaya, kule Nachingwea. Sasa zilibaki wiki mbili rufaa isikilizwe.

Siku hiyo alipita Kornel, aliyewahi kuwa karani wa baraza.

"Mama Abdala, mmejiandaa na rufaa?"

"Tayari kabisa. Wakiita Shaibu, mwanangu ataitika. Si ndiye?"

Kornel aliegemeza baiskeli yake ukutani. "Mtaharibu kesi nzuri! Yunusi alishika jembe mwenyewe kaburini. Atasema, 'Shaibu nimemzika mimi.' Mtaonekana waongo mbele ya Bwana Shauri."

"Basi kesi imekufa na kaka yangu?"

"Haijafa. Shamba lipo, na rufaa ipo. Ila marehemu hawezi kusimama mahakamani. Lazima mtu asimame mahali pake. Wazee wa ukoo wakae, wamteue msimamizi wa mirathi, watie dole gumba. Barua iende mahakamani mapema. Iseme wazi kwamba Shaibu amefariki, na mahali pake yupo Abdala. Mkikaa kimya mpaka muda upite, rufaa itafutwa. Shamba litabaki kwa Yunusi."

"Lakini jina amelirithi," alisema Bi Fatu kwa shingo upande.

"Amelirithi kwenu. Mahakama haikuja kwenye arobaini."

Abdala, aliyesimama kando na ungo mkononi, alicheka. Mama yake hakucheka, ila aliuacha ufuta wake palepale, akaenda kuwaita wazee.

Kesho yake Abdala alipanda lori kwenda Nachingwea na barua ya ukoo. Karani wa mahakama aliipokea, akaandika jina la Abdala kwenye faili.

Siku ya rufaa ikafika. Karani akaita, "Shaibu bin Seleman!"

Abdala nusura aitike. Mama yake akamfinya paja.

"Mwenye rufaa amefariki," karani aliendelea kusoma. "Mahali pake, msimamizi wa mirathi, Abdala bin Mfaume."

"Nipo!"

Yunusi, aliyekwisha kufungua kinywa, alikifunga.

Mashahidi walisikilizwa mmoja mmoja, wakaeleza ni nani aliyeipanda mikorosho ile. Mwishowe Bwana Shauri alitengua hukumu ya baraza. Shamba likarudi kwa ukoo wa Shaibu.

Waliporudi Chiola, Bi Fatu hakupita nyumbani. Alikwenda moja kwa moja shambani, akaushika mkorosho wa kwanza alioupanda na kaka yake.

"Sasa hapa ndipo uitike," alimwambia mwanawe. "Shaibu!"

"Naam, dada," aliitika Abdala, vilevile kama mjomba wake alivyokuwa akiitika.

Bi Fatu alilia, huku akicheka. Kisha wakaanza kupalilia.