Ng'ombe wa Sinema

"Kata!"

Mzee Ndaki alishtuka, mkono wake ungali kichwani kwa Mbuke, bintiye aliyekuwa akimpa baraka za ndoa.

"Nani akatwe, mkwe?"

Frank, mwongozaji wa filamu, alimgeukia mpiga kamera wake.

"Safi sana! Machozi ya kweli kabisa. Haya, pandisheni ng'ombe kwenye lori."

Mbuke alibaki amepiga magoti mkekani. Jamani, huyu binti! Katika filamu zote za Frank yeye ni hausigeli. Anafungua mlango, anapiga goti, anasema, "Bosi, mgeni wako amefika," basi, mpaka filamu nyingine. Alivumilia kwa sababu kamera ikizimwa, Frank alikuwa wake. Na Frank alipomwambia, "Naleta mahari kwenu, kamera itatutunzia kumbukumbu," aliamini. Nani asingeamini? Ng'ombe walishaingia zizini, mzee alishachinja dume lake, na majirani walishakula.

"Frank, wanapelekwa wapi?"

"Kwa mwenyewe, kule mjini Ngokolo. Wa kuazima hao. Kazi ni kazi, Mbuke."

"Mahari yangu ni kazi?"

"Ningekwambia, ungelia vile? Kuigiza hujui, ndiyo maana nakupa mlango tu."

Simu ya Frank, aliyomwachia Mbuke amshikie, ikawaka. Ilikuwa meseji ya Loveness, nyota wa filamu zake. Mbuke akaisoma kwa sauti, baba yake akisikia:

"Mume wangu, hausigeli kalia vizuri? Wahi kurudi huku mjini Kambarage, kesho tunaonana na padri kuhusu ndoa yetu."

Mzee Ndaki akaenda kusimama kwenye mlango wa zizi.

"Ng'ombe akiingia humu mbele ya watu, mtu ameoa. Kama hujaoa, umenivua nguo mbele ya kijiji."

Akapiga mwano, ule ukelele wa kuwaita sungusungu, walinzi wa kijiji. Vijumba vya jirani vikaitikia. Mpiga kamera akatimua mbio, na dereva akawasha lori akaondoka bila hata ng'ombe mmoja. Frank akamvuta Mbuke mkono, akakimbilia naye ndani ya nyumba na kufunga mlango.

"Mpenzi, waambie ulijua ni filamu. Ukisema wewe, wataniacha."

"Na baba yangu?"

"Baba yako mzee tu, watasahau! Filamu ijayo wewe ndiye nyota. Loveness namwacha leo leo. Nakuoa kweli, Mbuke, haki ya Mungu."

Mbuke alimtazama. Alikuwa bado anampenda, na hapo ndipo palipouma. Angesema neno moja tu, Frank angepona, na Mzee Ndaki angebaki kuwa kichekesho cha vilabuni, mzee aliyemchinjia mwigizaji dume lake.

Marungu ya sungusungu yakagonga mlangoni.

"Mbuke, nakuomba!"

Akajifuta machozi. Akafungua mlango wote, akapiga goti vilevile alivyofundishwa, akasema kwa sauti ileile ya kwenye filamu:

"Bosi, wageni wako wamefika."