Majani Aliyoyalaza Hamphrey

Mvua ya Januari ilikuwa imekatika dakika chache tu zilizopita, na soko la Mbinga likafurika tena watu waliotoka chini ya mabati. Scholastica alikuwa kwenye cherehani yake, amevaa gauni la bluu lililochanua hadi miguuni, anapinda sketi ya shule, aliposikia anaitwa kwa sauti ya mtu wa nyumbani.

"Scola. Leo hukuvaa lile la kijani?"

Aliinua macho. Mbele yake alisimama kijana mrefu, shati jeupe lenye doa la oili kifuani, ndoo ya usipa, dagaa wa ziwani, mkononi. Hakumjua.

"Kaka, umenifananisha. Sina gauni la kijani mimi."

Kijana aliona haya. "Kumbe bado. Nisamehe, dada."

"Bado nini?"

Beata, fundi wa cherehani ya jirani, akadakia, "Shoga, mtu kaja na usipa na jina lako kalijua, nawe unauliza maswali? Mpe kiti!"

Kijana alicheka, akatoa simu, akabonyeza namba bila kuisoma popote. Simu ya Scholastica ikalia mezani. Laini ile aliisajili juzi jioni. Hata mama yake hakuwa bado na namba.

"Nani kakupa?"

"Namba hii nimeipiga miaka minne," alisema kwa upole. "Nikikueleza utanifukuza. Lakini nitakueleza."

Aliitwa Hamphrey, fundi wa injini za boti kutoka Lituhi, kando ya ziwa. Mwezi Novemba uliopita alikuwa ziwani akijaribu injini, akaingia katikati ya kungu, vile vidudu vya ziwani vinavyopanda angani kama nguzo za moshi. Alitokea upande wa pili, akarudi nyumbani, akaishi miaka minne kama mtu yeyote. Kisha siku moja akapita tena kwenye kungu, akatokea Novemba ileile, tangi la mafuta likiwa bado limejaa. Wenzake ufukweni walisema alipotea robo saa.

"Tangu hapo naumwa," alisema. "Nakumbuka yajayo. Ya kesho ninayo, ya mwakani ninayo. Lakini kila alfajiri, siku ninayoiamkia inafutika. Ya leo sina kabisa, naiishi kama ninyi. Daktari wa zahanati aliandika kwenye kadi: kumbukumbu zimetangulia. Dawa hakuandika."

Scholastica alitaka kucheka. Kicheko hakikuja.

Wiki zilizofuata simu haikupoa.

"Umekula, mpenzi?"

"Wewe si unajua yote? Niambie nimekula nini."

"Ya leo sina, Scola wangu. Ya Jumapili ndiyo ninayo. Jumapili utaunguza wali."

"Mwongo mkubwa wewe!" Na Jumapili, wali ukaungua, naye Scholastica akasimama jikoni na kifuniko mkononi.

Jioni moja alimuuliza, nusu kwa utani, "Na ukinichumbia, nitakujibu nini?"

Hamphrey alishusha sauti. "Jibu lako la mara ile ninalo. Sikwambii, nisije nikakuibia la safari hii. Lile halikufungi."

Mwezi Machi Hamphrey alipanda milimani kumsaidia Tadea, mama yake Scholastica, shamba la maharage. Kwa Wamatengo, mwanamume hufyeka na kulaza majani kwa mistari inayopishana, na mkewe huyafukia kwa udongo na kupanda; ndiyo ngolo, kilimo chao cha mashimo. Tangu mumewe Romanus afariki, Tadea alikuwa akiajiri vibarua.

"Shikamoo mama."

"Marahaba, mwanangu. Mtu wa ziwani utaweza ngolo? Si ninyi wa mihogo?"

Hamphrey alishika fyekeo. Kufika saa saba mteremko mzima ulikuwa umelazwa majani, miraba imenyooka. Tadea alishika kiuno. "Nani kakufundisha, mwanangu?"

"Scola."

Scholastica, aliyesimama kando ya mama yake, aligeuka. Hakuwahi kumfundisha. Kazi ile mtu hajifunzi kwa siku moja. Mtu wa ziwani akiijua, basi ana mke wa Kimatengo mahali, na hadithi ya kungu ni ya kumficha. Na mke huyo ana gauni la kijani.

"Rudi kwa mwenye gauni lako," alimwambia njiani. "Na vidudu vyako uende navyo."

"Scola, nisikilize—"

"Nimekusikiliza miezi miwili!"

Akaifungia namba yake.

Baada ya wiki mbili majani yalikuwa yamekauka. Tadea aliinua jembe afukie, akalishusha. "Scola, njoo uone."

Mashina ya majani yote yalielekea kushoto. Romanus alikuwa mtu wa mkono wa kushoto. Majirani walimtania kwamba shamba lake linatazama nyuma. Mlima mzima hakuna mwingine aliyelaza hivyo. Na Hamphrey alitumia mkono wa kulia.

"Mama, ulimwonyesha wewe?"

"Mimi kazi yangu kufukia. Kulaza, baba yako alikufundisha wewe peke yako, kwa kuwa hakuwa na mtoto wa kiume."

Scholastica alichuchumaa, akagusa majani kwa vidole. Hakuna aliyeweza kumfundisha Hamphrey jambo hili ila yeye. Mwanamke aliyemwonea wivu wiki mbili, hata usingizi ukamkataa, alikuwa ni yeye mwenyewe, bado hajafika.

"Mama," alisema taratibu, "usifukie."

Siku ya tatu aliteremka Lituhi. Mbali ziwani nguzo tatu za kungu zilisimama kimya, nyeusi, vichwa vyake vikigusa mawingu. Alizitazama, akaharakisha hatua. Hamphrey alikuwa ufukweni, ameinamia injini. Aliinuka, spana ikamdondoka. Scholastica alikuwa amevaa gauni la kijani, alilomaliza kulishona jana.

"Gauni nalijua," Hamphrey alisema. "Siku ndiyo siijui."

"Nisamehe. Nimeyaona majani ya baba."

Hamphrey alifuta mikono kwenye kitambaa, muda mrefu. "Scola, lile jibu lako. Jana usiku nililala nalo. Leo asubuhi nimelitafuta, halipo."

Upepo ulipita. Scholastica alielewa polepole, kama mtu anayesikia kengele ya kanisa kutoka mbali. Siku inayofutika ni ile iliyofika.

"Basi niulize."

"Utanioa—" akacheka kwa kuchanganyikiwa, macho yamelowa. "Utakubali nikuoe?"

"Nimemkataza mama asifukie majani yako," alijibu. "Nitayafukia mwenyewe."

Hamphrey alifunika uso kwa viganja vilivyobaki na oili.

"Na mwakani nitakufundisha kulaza," akaongeza, akimshika mkono.

"Siku hiyo nitaamka sijui kitu."

"Najua. Ndiyo maana nitaanza mwanzo."