Mlozi Juu ya Swala

Kila siku baada ya shule, Ingrid Tuominen alikaa kwenye maktaba ya Duluth akimsubiri mama yake atoke kazini. Jumatatu moja alitakiwa kutunga hadithi, na karatasi ilikuwa bado tupu. Mkobani alikuwa na daftari la rafiki yake, Maren. Ndani yake mlikuwa na hadithi ya mchawi, ambayo Maren aliiandika alipolazwa hospitalini. Alikuwa amempa Ingrid peke yake aisome.

Ingrid alifungua kamusi ya visawe. Mchawi akawa mlozi, msitu ukawa mwitu. Alibadilisha hata maneno asiyoyaelewa vizuri, na kesho yake akamkabidhi mwalimu hadithi hiyo kama yake.

Jumatano, Mwalimu Brandvold aliingia darasani akitabasamu.

“Sikilizeni alivyoandika Ingrid: ‘Mlozi akakwea juu ya swala, akautazama mji wote.’ Nani mwingine angewaza kumpandisha mlozi juu ya swala? Ijumaa utawasomea wazazi, Ingrid.”

Maren alikuwa ameandika “juu ya paa,” yaani paa la nyumba. Ingrid alikuwa amenakili kisawe cha paa yule mnyama wa porini. Maren, aliyekaa mbele yake, aligeuka, akamtazama, kisha akageukia ubao.

Wakati wa chakula wenzake walimzunguka.

“We Ingrid, huyo swala anaitwa nani?” Cody aliuliza.

“Sijui bado.”

“Hujui, na umemtunga mwenyewe?”

Kila jibu lilizidi kumfunga. Maren alikula peke yake dirishani.

Jioni mama alimwambia, “Bibi yako anakuja kutoka Hibbing kukusikiliza.” Chakula kikamshinda. Akisema kweli, ataaibika mbele ya wote. Akinyamaza, atasimama Ijumaa kusoma mali ya Maren, na Maren amekaa pale pale anamsikiliza.

Alhamisi asubuhi alimkuta mwalimu peke yake darasani.

“Mwalimu, ile hadithi si yangu. Ni ya Maren. Nilibadilisha maneno tu.”

Mwalimu aliweka kalamu chini. “Na swala?”

“Ni paa la nyumba. Kamusi ilinidanganya.”

“Kamusi haikumdanganya mtu, Ingrid.”

Ingrid alimsubiri Maren mlangoni, akamrudishia daftari na kumwomba radhi.

“Mchawi yule alikuwa mimi, nikitaka kutoka wodini,” Maren alisema. “Ungeniuliza namna ya kuanza, ningekusaidia.”

Ijumaa Maren alisoma hadithi yake mwenyewe. Ingrid alikaa kando ya bibi yake, ambaye alikwisha kuambiwa yote. Wazazi walipoondoka, mwalimu alimwita.

“Maneno yamo kwenye kamusi, kila mtu anaweza kuyachukua,” alisema. “Lakini alichokiona Maren kitandani kwake ni chake. Hata ukikivika maneno mapya, bado umekichukua. Jumatatu niletee cha kwako. Hata kikiwa ukurasa mmoja wenye makosa, nitakisoma kwa furaha.”