Ngokela Isiyo na Chungu

Mwezi wa tatu ukungu huingia kijiji cha Mkandu alfajiri na kukaa kama mgeni asiyejua kuaga. Verediana aliamka humo humo ndani ya ukungu, akateka maji kijitoni, akafagia uwanja, kisha akavaa sweta lake la mtumba ambalo mikono yake ilikuwa imeanza kumpungukia. Mama yake, Tadea, alikuwa jikoni akikoroga uji.

"Jembe nimekunolea," mama alisema. "Leo msicheze huko. Mvua zinaaga hizi."

Verediana alijua. Alikuwa darasa la sita na kiranja wa shamba, na kwa wiki nzima hakuwa na wazo lingine kichwani. Wavulana wakubwa walikwishafyeka nyasi za shamba la shule na kuzilaza kwa miraba mlimani kote. Zilikuwa zimekauka vizuri. Kazi iliyobaki ilikuwa kumwaga maharage juu ya nyasi, kuchimba udongo katikati ya kila mraba na kuzifunika. Hapo mlima ungejaa mashimo yenye kingo, ndiyo ngolo, na maji ya mvua yangetua mashimoni badala ya kukimbia na udongo. Lakini ngolo ina siku zake. Maharage yakikosa mvua hizi za mwisho, hayaoti. Na yasipoota, hakuna makande ya mchana shuleni. Watoto wa darasa la kwanza waliotembea kutoka ng'ambo ya mlima wangeshinda njaa mwaka mzima.

Basi alipofika shuleni na kumkuta Mwenyekiti wa Kijiji amesimama mbele ya mstari, Verediana alikaza mkono kwenye mpini wa jembe.

Mwenyekiti Frederick alikuwa mtu mnene mwenye sauti kubwa, na suti yake ya Kaunda haikukosa kalamu mfukoni. Siku hiyo mwalimu mkuu alikuwa Songea kwenye semina. Aliyeachiwa shule ni Mwalimu Gaudiosa, msichana aliyetoka chuoni mwaka uliopita, mwalimu wa Uraia.

"Darasa la sita na la saba," Mwenyekiti alinguruma, "leo mnakwenda kwa Chifu Wendelini. Kuna ngokela. Bebeni majembe, tuondoke!"

"Mwenyekiti, leo tunapanda shamba la shule," Mwalimu Gaudiosa alisema.

"Mwalimu, wewe ni mgeni hapa. Nyumba ya chifu haikataliwi. Au huko chuoni hamkufundishwa heshima?"

Wanafunzi waliguna. Uchifu ulikuwa umefutwa na serikali tangu wazazi wao wakiwa wadogo, lakini Mzee Wendelini, mtoto wa chifu wa mwisho, bado aliitwa Chifu na kila mtu. Akipita njiani, watu walivua kofia. Kumkatalia ngokela, ile kazi ya kusaidiana shambani, ilikuwa aibu ambayo hakuna mzazi angependa imfikie nyumbani. Mwalimu aliwatazama wanafunzi, akatazama majembe, kisha akaongoza msafara.

Placidi, ambaye hakuwahi kunyamaza hata kanisani, alimsogelea Verediana njiani. "Kiranja, kununa kwa nini? Ngokela ni chakula! Nyumba ya chifu lazima wamepika maharage na usipa, wale dagaa wa ziwani kule Lundo. Tumbo langu limekwishaitika 'naam'."

"Tumbo lako litaitika nini mwezi wa saba, makande yakiwa hakuna?"

"Wewe nawe! Si tutapanda kesho?"

"Kesho mvua ikikataa, utamwagilia kwa mate?"

Wenzao walicheka, lakini Verediana hakucheka. Alikuwa akifikiria somo la Uraia la wiki iliyopita. Mwalimu Gaudiosa aliwaeleza kuwa zipo nchi zenye mfalme au malkia hata leo, kama Lesotho na Uingereza. Mfalme hukaa kwenye kiti cha heshima, watu husimama wakimwona, naye ni kumbukumbu ya taifa lao. Lakini anayeendesha serikali ni waziri mkuu, na huyo hujibu maswali ya wabunge waliochaguliwa na wananchi. Placidi aliuliza siku ile, "Sasa mfalme kazi yake nini, mwalimu, kupunga mkono?" Darasa lilivunjika mbavu. Verediana yeye alibaki na swali jingine, ambalo hakuliuliza: itakuwaje mwenye amri akijificha nyuma ya kiti cha mwenye heshima?

Walifika kwenye ntambo ya ukoo wa chifu, mteremko mzima wa mlima kuanzia kileleni hadi kijitoni. Nyasi zilikuwa zimelazwa tayari.

Placidi alivuta hewa kwa pua. Akavuta tena. "Jamani, chungu kiko wapi?"

Wote waligeuka huku na huku. Hapakuwa na moto, wala moshi, wala mama aliyeinama juu ya mafiga. Hapo Verediana akashtuka. Kila mtoto wa Kimatengo anaijua ngokela. Mwenye shamba huwaita watu yeye mwenyewe, nyumba kwa nyumba. Wakifika, chungu kiko motoni, na mwenye shamba amesimama na jembe lake, kwa kuwa yeye ndiye anayepiga jembe la kwanza. Naye atakwenda kuchimba kwao zamu yao ikifika. Mtu haagizwi kwenye ngokela. Anaalikwa.

"Mwenyekiti, shikamoo," Verediana alisema.

"Marahaba. Chimba."

"Naomba kuuliza. Mwenyeji yuko wapi?"

"Chifu mzima akusubiri wewe shambani? Chimba, binti!"

"Na chungu je?"

"Mmekuja kula au kuheshimu?" Mwenyekiti alifoka. "Watoto wa siku hizi mmeharibika. Vyama vingi vimewapanda kichwani!"

Verediana alilaza jembe lake chini. Aliwageukia wenzake. "Majembe chini. Nakwenda kumwuliza Chifu kama ametuita."

Kwanza hakuna aliyesogea. Kisha jembe la Placidi likaanguka, likafuatwa na la pili, na mengine yote.

"Mtoto wa kike kwenda kumhoji chifu!" Mwenyekiti alipiga kelele.

"Nitakwenda naye," alisema Mwalimu Gaudiosa. Ilikuwa mara yake ya kwanza kufungua kinywa tangu shuleni.

Nyumba ya Mzee Wendelini ilikuwa kileleni, katikati ya mibuni. Walimkuta barazani amevaa koti lake jeusi lililopigwa pasi, redio ikinong'ona pembeni. Alikuwa mzee mrefu, mkali wa macho, na ilionekana wazi kuwa anasubiri kuamkiwa.

"Shikamoo, Chifu."

"Marahaba, mjukuu wangu. Mmefika kunipa heshima? Vizuri. Wenzako wako wapi, mbona hawaji kusalimia?"

"Wako shambani, Chifu. Nimekuja kukuuliza. Wewe ndiye uliyetuita ngokela?"

Mzee alikunja uso. "Unazungumza na nani, binti?"

"Nazungumza nawe, babu." Verediana alipiga hatua moja mbele. "Kama umetuita wewe, tutachimba mpaka jioni. Lakini nyasi za shamba la shule zimelala wazi na mvua inaondoka. Wadogo zetu watakosa makande mwaka mzima, na wakiuliza kwa nini, wataambiwa ni kwa jina lako."

Mzee Wendelini alinyoosha mkono akazima redio.

Mwenyekiti alifika akihema, jasho likimtiririka shingoni. "Chifu, msamehe huyu, hana adabu. Waambie tu kwamba umewaita. Neno lako moja."

Neno moja. Yule mzee alilitazama koti lake, na Verediana akaona jinsi neno hilo lilivyomtamanisha. Miaka mingi watu walikuwa wakimvulia kofia na kupita zao. Leo walikuwa wanasubiri amri itoke kinywani mwake.

"Frederick," mzee alisema polepole, "hii ntambo niliyokuazima upande wa chini, si ulisema utaita vijana wako wenyewe?"

"Chifu, haya si ya kuzungumza mbele ya watoto..."

"Upande wa chini ule, msimu huu, maharage ni ya nani? Yangu?"

Mwenyekiti alitazama mibuni.

"Wenye malori ya Songea wameanza kununua maharage, naye anataka kuwauzia," mzee alimwambia Mwalimu Gaudiosa. "Akanijia na kusema shule inataka kuniheshimu. Nikafurahi. Nikapiga koti pasi." Alisimama, akamtazama Verediana. "Sikuwaita. Sijapika. Rudini shuleni."

"Basi nawaamuru mimi!" Mwenyekiti aling'aka. "Nani anatawala hapa, wewe au mimi? Mimi ndiye serikali ya kijiji hiki!"

"Halmashauri ya kijiji ilikaa lini?" Verediana aliuliza.

"Nini?"

"Mama yangu ni mjumbe. Hajaitwa kikao. Serikali ya kijiji ni wewe pamoja na halmashauri, na juu yenu uko mkutano mkuu. Wewe peke yako ni mwenyekiti wa kikao ambacho hakijakaa."

"Leo leo nakuvua ukiranja!"

"Hukunivika wewe, Mwenyekiti. Nilipigiwa kura na wenzangu, na wao ndio watanivua."

Mwenyekiti aliinua kidole, akakiacha hewani, akakishusha. Mwalimu Gaudiosa akamshika Verediana bega. "Twende. Tumechelewa shamba letu."

Walikimbia kuwachukua wenzao, wakarudi shuleni. Walichimba kwa hasira na kwa nyimbo, wakubwa wakipiga jembe, wadogo wa darasa la kwanza wakimwaga maharage kwa vidole vilivyopakaa matope. Placidi alilalamika kwamba tumbo lake limemshitaki kwa uongo, lakini alichimba mashimo mengi kuliko mtu yeyote. Jua lilipozama nyuma ya milima inayoelekea ziwani, mteremko wote wa shule ulikuwa umefunikwa. Mvua ilinyesha alfajiri, ndefu na tulivu.

Jumapili, baada ya misa, mkutano mkuu uliitishwa. Tadea alisimama mbele ya kijiji kizima, kitenge kimefungwa kiunoni, akauliza, "Mwenyekiti, watoto wetu ulitaka wakuchimbie kwa ruhusa ya nani?"

Mwenyekiti alianza kusimulia habari za heshima ya chifu. Mzee Wendelini alikuwa ameketi benchi la nyuma. Alitikisa kichwa tu, mara moja, na kila mtu akaona. Mwenyekiti akakaa, akasimama tena, na safari hii akaomba radhi. Mkutano ulimwachia uenyekiti, kwa sharti kwamba agizo lolote kwa shule lipite kwanza kwenye halmashauri. Shamba lake akalime mwenyewe.

"Mbona hawakumfukuza?" Verediana alimwuliza Mwalimu Gaudiosa walipokuwa wakishuka njiani. Bado alikuwa amekunja ngumi.

"Uchaguzi una siku yake, na siku hiyo watakumbuka. Leo wamemfanya ajibu, na kiongozi anayejua kuwa atajibu hutembea kwa uangalifu."

"Na Chifu je? Kama hana amri, kwa nini tumwamkie?"

"Kwa sababu nyumba yake inatukumbusha tulikotoka, na hilo si dogo. Nchi zenye wafalme hufanya hivyo hivyo. Lakini heshima hutolewa na mkono wa mtu mwenyewe, haichukuliwi kwa nguvu wala haikopeshwi kwa mwingine aitumie. Chifu tunamwamkia kwa sababu ya historia yetu. Mwenyekiti tunamtii kwa sababu ya sheria. Akiiweka sheria pembeni, anayebaki mbele yako ni Frederick tu, na Frederick ana mikono miwili kama wewe."

Verediana alifungua ngumi zake, akaitazama mikono yake iliyojaa malengelenge ya mpini.

"Yake ni laini zaidi," alisema.

Mwalimu Gaudiosa alicheka mpaka watu waliotangulia wakageuka.