Wanaume Waliokosekana Bondeni

Saa tatu asubuhi mkurugenzi wa ofisi ya takwimu alisimama mbele ya ukuta, chai ikipoa mkononi, akasema, "Watu hawa wamepikwa."

Ukutani palibandikwa piramidi mbili za umri. Ile ya mtaa wa mlimani ilipanda vizuri, pana chini, nyembamba juu. Ya mtaa wa bondeni ilikuwa kituko: ubavu mmoja umemeguka, na fito nyingine zimechomoza kama meno ya msumeno. Mkurugenzi akauliza nani kapika. Msimamizi wa sensa akajibu kabla swali halijatua.

"Bondeni alihesabu yule karani binti. Kakaa kwao, kabuni watu."

Kubuni watu wa sensa ni jela. Karani akafungiwa chumba cha mikutano, na polisi wakamtuma mpelelezi ambaye wenzake walimwita Mama Polepole, maana hakuwahi kumtia mtu pingu kabla ya kumaliza maswali yake. Alianza na mama wa karani, aliyekuwa benchini ukumbini akiukumbatia mkoba kana kwamba nao utakamatwa.

"Umri wako, mama?"

"Andika hamsini."

"Unaishi na nani?"

"Na huyo huyo mnayetaka kumfunga. Baba yake yuko machimboni, harudi hadi mwisho wa mwaka."

Mama Polepole akaandika, akaingia kwa msimamizi.

"Nifundishe hizi piramidi kama mtoto."

"Kila ufito ni umri mmoja, afande. Wanaume kushoto, wanawake kulia, wachanga chini, wazee juu. Chini pakiwa papana, watoto ni wengi, mtaa unataka zahanati na madarasa. Juu pakipanuka, mtaa unazeeka. Piramidi haisemi uongo."

"Na hii ya bondeni inasema nini?"

"Inasema karani mvivu. Wanaume wa makamo karibu hawapo. Halafu eti wenye arobaini, hamsini, sitini wamejaa tele, wenye arobaini na moja hakuna. Nani anazaliwa hivyo?"

Hoja ilikuwa na uzito. Hata Mama Polepole alikuna kichwa.

"Ya mlimani alihesabu nani?"

"Mimi mwenyewe. Karani wa huko aliugua."

Mpelelezi akasogea dirishani. Juu ya mlima lilionekana bweni la chuo cha wauguzi, magauni meupe yameanikwa kamba kwa kamba. "Mlima mkali ule," alisema. Msimamizi akaitikia, akachechemea kwenda kukaa.

Karani hakulia. Alikuwa amekwisha kulia.

"Ulibuni watu?"

"Sikubuni, afande. Nilipiga hodi kila mlango. Tuliagizwa kuandika waliolala nyumbani usiku wa sensa. Wanaume wasiokuwepo ningewatoa wapi?"

"Na hawa wa sitini?"

"Waliniambia sitini. Nikiuliza tena, wananiambia nina maswali mengi."

Mama Polepole akavuka barabara, akateremka bondeni. Bombani aliwakuta wanawake wawili wakisubiri ndoo zijae.

"Shikamooni. Bibi, una miaka mingapi?"

"Marahaba. Sabini."

"Na mwenzako?"

"Huyu mdogo wangu, nilimbeba mgongoni. Sabini pia."

Hakuna aliyeona ajabu.

"Wanaume wenu wako wapi?"

"Machimboni. Hapa ukimwona mwanaume, ama ana meno ya utoto, ama hana meno kabisa."

Mpelelezi alicheka mpaka akashika bomba. Ile piramidi mbovu ilikuwa mtaa wenyewe, pamoja na ubavu wake uliomeguka.

Saa nane aliwakusanya wote mbele ya ukuta.

"Binti hakupika kitu. Wanaume wako machimboni, na watu wa kweli hukadiria umri. Anayebuni hukumbuka kuwaweka na wa arobaini na moja." Akamgeukia msimamizi. "Mlimani hakuna anayekadiria?"

"Kule ni wasomi, afande."

"Vema. Njoo tuwatazame." Akamvuta dirishani. "Bweni lile lina mamia ya wasichana. Wanawake wa miaka ishirini wangechomoza kwenye piramidi yako kama kibiongo. Wako wapi?"

Msimamizi akayatazama magauni meupe, akaitazama piramidi yake.

"Labda walikuwa likizo."

"Hawakuwa," mkurugenzi akasema. "Binti yangu anasoma pale."

Msimamizi akaketi.

"Goti halinipandishi mlima," akasema. "Ningesema, wangenistaafisha mapema. Nikachukua piramidi ya sensa iliyopita, nikainenepesha kidogo. Wakati ule bweni lilikuwa halijajengwa."

"Na binti wa watu kosa lake nini?"

"Mkurugenzi aliuliza nani kapika. Niliogopa asije akaniangalia mimi."

Kila mtu akamwangalia.

"Ulisema kweli," Mama Polepole akasema, "piramidi haisemi uongo. Ungesema goti linauma, leo ungekwenda nyumbani."

Karani alipotoka, mama yake aliuachia ule mkoba kwa mara ya kwanza tangu asubuhi. Walikumbatiana, na mkurugenzi akaomba radhi, akaomba tena. Mzigo ulikuwa umetuliwa, na ukumbi mzima ulipumua.

"Afande," mama akauliza, akipangusa macho, "na wewe, mwanangu, una miaka mingapi?"

"Arobaini."

Karani akainua uso. "Kamili?"

Mama Polepole akafikiri kidogo.

"Na mitatu," akasema, na karani akacheka.