Waliofuata Upepo

Gari liliteleza bila sauti. Nahimana aliuzungusha usukani kulia, akauzungusha kushoto, lakini barabara ilikwisha kugeuka kioo, na ile theluji iliyoanza kama moshi mwembamba juu ya lami sasa ilikuwa ukuta mweupe usio na mlango. Magurudumu yaliiacha njia. Gari likainama, likaporomokea mtaroni kwa kishindo. Kisha Armelle akapiga yowe.

"Wapi?" Nahimana aliuliza.

"Mguu, baba mkubwa. Chini ya goti."

Ilikuwa Januari, mwaka wa pili wa korona, katika mbuga za Dakota Kusini, huko Amerika. Nahimana, mzee wa kanisa na mkazi wa Merrylands, magharibi mwa Sydney, alikuwa amevuka nusu ya dunia kumfuata binti wa marehemu mdogo wake. Ndugu hao walikulia kambi moja ya wakimbizi nchini Tanzania. Majina ya waliopata nchi za kuhamia yalipotangazwa, mmoja akapata Australia, mwingine Amerika; tangu siku hiyo hawakuonana tena ila katika kioo cha simu. Korona ilimkuta mdogo mtu kazini, katika kiwanda cha nyama, akazikwa pasipo ndugu kando ya kaburi. Mkewe alikuwa ametangulia zamani. Armelle, msichana wa miaka kumi na tisa, akabaki peke yake.

Kwa Warundi, baba mkubwa ni baba. Nahimana aliapa mbele ya washarika kwamba atamleta mtoto nyumbani akiwa mzima. Ndege za kurudi Sydney zilikuwa adimu kama kaburi la nyani. Aikosaye moja hungoja miezi. Ndiyo sababu asubuhi ile, Armelle aliposema, "Tusitoke leo, tufani inakuja," yeye alitia mizigo garini.

Sasa simu haikushika mtandao, wala hapakupita gari jingine. Nahimana alichukua kikwangulio cha barafu, akakifunga kando ya mguu uliovunjika kwa shali yake. Armelle aliuma kola ya koti, machozi yakimtoka.

"Maji?"

"Chupa moja. Imeganda."

"Itie kifuani, chini ya koti."

Waliwasha injini kwa vipindi ili kupata joto. Kila mara kabla ya kuwasha, Nahimana alitoka nje, akainama dhidi ya upepo, akafukua theluji iliyoziba bomba la ekzosi. Kwani bomba likizibwa, moshi hurudi ndani na kuua watu wakiwa usingizini. Glavu alizonunua Sydney zilikuwa za kijibaridi cha Sydney. Zikalowa, zikakakamaa kama ngozi mbichi iliyoanikwa.

"Zungumza," alimwambia Armelle. "Ukisinzia utakufa. Nieleze habari za nchi hii isiyo na mti."

Armelle alieleza, meno yakigongana. Kwamba mizizi ya nyasi hizi hushuka ardhini kupita kimo cha mtu. Kwamba Walakota waliishi humu wakiwafuata nyati, hadi wazungu walipowamaliza nyati kwa bunduki ili wenye nchi wafe njaa, mifupa ikatapakaa mbugani, myeupe kama theluji hii. Kwamba walowezi walijenga nyumba kwa matofali ya udongo na nyasi, na wakati wa tufani walifunga kamba toka mlangoni hadi zizini, maana mtu aliweza kupotea akaganda hatua chache tu kutoka jikoni kwake.

"Kisha wakaleta ng'ombe," alisema. "Ng'ombe ni wajinga. Upepo wa kaskazini ukija, wanaupa mgongo, wanatembea nao hadi waya uwazuie. Hufia hapo. Nyati huukabili kwa uso."

"Usimtukane ng'ombe mbele yangu!" Nahimana alinguruma. "Babu yako alitembea na ng'ombe wa pembe ndefu, wakimjua kwa sauti."

"Basi babu alipumzika asionje upepo wa Dakota."

Nahimana nusura acheke. Usiku ule ulipita kama mgonjwa apitavyo mlangoni, kwa shida.

Kulipokucha mbingu zilikuwa safi, lakini upepo haukulala. Mbuga ilinyooka pande zote, nyeupe, bila alama. Hata barabara ilikuwa imezikwa. Midomo ya Armelle ilikuwa rangi ya majivu. Nahimana alikumbuka kwamba kabla ya tufani waliona, upande wa kaskazini, nyumba ya mkulima na ghala refu la nafaka. Alingoja jua lipande hadi adhuhuri, akafunga kamba za viatu.

"Waenda wapi?"

"Kutafuta watu. Theluji imekoma, bomba halitazibwa tena. Wewe washa injini upate joto, usiizime."

"Baba mkubwa, huku tunafundishwa tangu darasa la kwanza: usiache gari. Nimefunga kitenge chekundu cha mama kwenye waya wa redio, kupitia dirishani. Watakiona."

"Asiyesikia la mkuu huvunjika guu."

"Guu limekwisha kuvunjika," Armelle alijibu. "Sasa sikia wewe."

Hakuna mtoto aliyewahi kumjibu hivyo. Nahimana alifunga mlango.

Adhuhuri ya Sydney jua hukaa kaskazini. Miaka kumi na mitano alikuwa ameanika nguo na kupanda sukumawiki kwa kanuni hiyo, wala hakuitilia shaka kama asivyotilia shaka Amri Kumi. Akalielekea jua. Upepo ulimsukuma mgongoni kama mkono wa rafiki, na wepesi wa safari akauhesabu kuwa baraka. Theluji ilimfika magotini, kisha mapajani. Vidole vya mkono wa kulia viliuma, vikawaka, kisha vikaacha kuuma. Naye akashukuru, asijue kwamba ganzi hiyo ni mauti.

Mbele aliona vitu vyeusi vimejipanga. Watu? Aliita. Hapakujibu mtu.

Walikuwa ng'ombe. Walisimama wima kwenye ua wa seng'enge, wamebanana ubavu kwa ubavu, theluji shingoni, pua zimezibwa kwa barafu. Wote wamekufa. Wote wameupa upepo mgongo, na vichwa vyao vimelielekea jua.

Nahimana, mjukuu wa wachungaji, alimgusa mmoja pembeni mwa jicho. Lilikuwa jiwe. Ndipo akili ilipomrudia. Upepo hutoka kaskazini. Basi wanyama hawa walikwenda kusini. Naye alifika hapo hapo, kwa upepo ule ule. Katika nchi hii jua la baridi halikai kaskazini, bali kusini. Kila hatua aliyoipiga ilimtenga na nyumba ile, na nyuma yake amemwacha mtoto asiyeweza kusimama, injini ikinguruma, bomba likizibwa.

"Mungu wangu, nimemuua."

Aligeuka. Upepo ukampiga usoni kama mchanga wa moto. Nyayo zake zilikwisha kufutika. Alitembea kwa mashavu, kwa kuuweka upepo katikati ya macho, akianguka na kuinuka, hadi kope zilipogandamana. Alipozifumbua kwa mate na kidole, aliona kitambaa chekundu kikipepea.

Injini ilikuwa kimya. Bomba lilikuwa limezikwa kabisa. Armelle alijikunja ndani, baridi kama chuma, lakini akipumua.

"Niliizima," alinong'ona. "Mara tu ulipoondoka. Nisamehe."

Nahimana alifungua koti lake, akamkumbatia kifuani.

Mlakota mmoja mfuga nyati, aliyekuwa akitengeneza ua wake kwa trekta, ndiye aliyekiona kitenge kabla jua halijazama. Hospitalini walimkata Nahimana vidole vitatu vya mkono wa kulia, na Armelle wakamkata vidole vya mguu. Ndege yao ilikwisha kuondoka. Walipata nyingine baada ya Pasaka, wakatengwa hotelini Sydney siku zilizoamriwa, kila mmoja akimsikia mwenzake akikohoa nyuma ya ukuta.

Jumapili ya kwanza wazee wa kanisa walijaa sebuleni Merrylands. Jirani Mushagalusa, Mkongo mwenye sauti kubwa, aliweka kikombe chini.

"Haya, mzee, mwenye safari ndiye mwenye habari. Tupe."

Kwa desturi, mkubwa wa nyumba ndiye husimulia, na watoto hukaa jikoni. Nahimana alimwita Armelle, akamvutia kiti chake mwenyewe.

"Muulizeni huyu. Mimi nilijua njia, nikafika kwa wafu."

Msichana aliketi, akaunyosha mguu wake, akaanza. Kiswahili chake kilikuwa na kasoro, na mambo mengine aliyapanga kinyume. Nahimana alisimama nyuma ya kiti, wala hakumsahihisha hata neno moja.